Embe Ambazo Shoga Yangu Hakuzila

Mwenye makosa ni mie, wala simsingizii shetani. Shetani mwenyewe siku ile alikaa pembeni akinistaajabu.

Nnalima mwani huku Uroa. Bahari ikipwa tunaingia, kila mwanamke na shamba lake, tunafunga mwani kwenye kamba huku tunapiga soga. Mie ndo mchekeshaji wao. Nikiona ngisi mmoja, nnasema nimeona mia wanakwenda harusini.

Shoga yangu Mize, shamba lake liko ubavuni mwa langu. Siku moja akainama akatapika. Nkapaza sauti: "Jamani, Mize katapika mpaka samaki wameshiba, wanaomba maji ya kunywa!"

Wakacheka. Mize mwenyewe akacheka.

Neno likapita shamba kwa shamba. Maji hayajanifika magotini, Bi Pili wa upande wa pili akanirudishia: "Ati Mize ana mimba? Na mumewe yuko Pemba anavua, mwezi wa tano huu hajarudi?"

Hapo ndipo pa kusema hapana. Mize ana vidonda vya tumbo, na dawa zake nlikwenda naye mwenyewe kuzichukua. Lakini wenzangu walikuwa wameacha kamba, wamenigeukia wote, wananingoja.

Nkasema, "Mimba sijui. Ila kwa embe mbichi anazokula, mwembe wa watu umebaki majani."

Embe hata moja hakula, jamani.

Siku ya tatu neno likamfika mumewe huko Pemba, akampigia Mize simu. Talaka, kwa simu.

Mize akaja mlangoni kwangu. Hakulia, hakunitukana. "Shoga, wee dawa zangu unazijua. Embe nimekula lini?"

Kesho yake akachukua wanawe wawili akarudi kwao Tumbatu.

Nkampigia yule mume. Nkamwambia nlizua, mkewe mgonjwa. Akanijibu, "Unamtetea shogako tu. Hizo embe watu wameziona kwa macho yao."

Nkawaendea wenzangu, nkawaapia mle mle majini. Wakacheka. "Haya, tupe nyengine."

Nyengine sina. Vigingi vya Mize vimesimama ubavuni mwangu, havina kamba, nami kila nikiinama naviona.

Nawe unayependa kuchekesha watu, neno lako likikurudia limenenepa, likanushe hapohapo, kicheko hakijaisha. Mie nlingoja. Sasa nnasema kweli kila siku, na kila siku wanashika mbavu.