Bei Kamili ya Nyumba Namba Saba

Jumamosi, tarehe 6 Septemba 2025, Jaafar Matano alilipa shilingi elfu hamsini kushikilia nyumba namba saba katika mtaa mpya wa nyumba kumi na mbili ulioko Ukunda, upande wa juu wa barabara ya Lunga Lunga, akapewa risiti na siku thelathini za kutimiza yaliyobaki. Kufikia Jumapili adhuhuri, watu wa Bodo, kijiji alikozaliwa, walikuwa wameshaarifiwa kwamba amenunua nyumba. Kwa kusema kweli alikuwa amenunua siku thelathini.

Jaafar ana umri wa miaka arobaini na mitatu, na kwa miaka kumi na sita amekuwa akiwauzia wageni wa Diani safari za Wasini na Funzi. Katika ofisi yao hakuna anayemfikia. Mgeni akiuliza bei, Jaafar humtajia ya kichwa kimoja, bila chakula. Kiingilio cha hifadhi ya bahari huja baadaye, miwani ya kupigia mbizi huja baadaye, na bei ya kaa hutajwa kaa akiwa ameshafika kwenye sahani. Wauzaji wapya huwafundisha kanuni moja tu: mtu hatajiwi jumla kabla hajalowa miguu.

Ungedhani mtu wa namna hiyo hauziwi kitu kirahisi.

Nyumba yenyewe ilikuwa ya shilingi milioni sita. Benki ilikuwa tayari kukopesha sehemu kubwa, kwa sharti kwamba mnunuzi atangulize milioni moja na laki mbili. Jaafar alikuwa na laki saba katika chama cha akiba. Laki tano zilizopungua zilikuwa mkononi mwa mkewe, na hapa neno "mkononi" lichukuliwe lilivyo: Nusra Abdulwahab, mwalimu wa shule ya msingi huko Msambweni, huvaa bangili nne nzito za dhahabu, ambazo Jaafar mwenyewe alimtolea mahari mwaka wa 2012 na ambazo tangu hapo zimepanda bei kuliko kitu kingine chochote alichowahi kununua.

"Nyumba ni bei gani?" Nusra alimuuliza jioni ile ile, akimenya muhogo.

"Elfu sitini na tatu."

"Nyumba nzima?"

"Kwa mwezi, Mama Asiya. Kwa mwezi."

"Mimi sikuuliza mwezi. Nimeuliza nyumba."

"Nyumba ni milioni sita."

"Kwa hivyo tutalipa milioni sita."

"Na kidogo cha benki."

"Kidogo hicho ni kiasi gani?"

"Si cha kutisha."

Nusra akaweka kisu chini. "Baba Asiya, bangili hizi ni mahari yangu, na mahari ni haki yangu, si yako wala si ya benki. Siku utakaponitajia bei ya nyumba ile kwa nambari moja, kama mtu anayetaja bei ya mbuzi, nitazivua kwa mkono wangu. Kabla ya siku hiyo, nyumba namba saba isizungumzwe humu ndani."

Ilizungumzwa, bila shaka. Wiki ya kwanza Jaafar aliilinganisha na kodi. Walikuwa wakilipa elfu kumi na nane kila mwezi kwa vyumba viwili vya Msambweni, pesa ambazo, kwa maneno yake, zilikuwa zikienda na maji. Nusra alikubali kwamba zilikuwa zikienda na maji, kisha akauliza nyumba ni bei gani. Wiki ya pili Jaafar aliikata bei vipande vidogo zaidi.

"Ukiigawa kwa siku, ni elfu mbili na mia moja tu. Mgeni hula pesa hizo kwa sahani moja ya kamba."

"Ukiendelea hivyo utafika kwenye dakika," Nusra akasema, akarudi kusahihisha madaftari ya wanafunzi.

Jambo ambalo Jaafar hakumwambia ni kwamba hata yeye hakuijua bei hiyo. Alikuwa amekaa mara tatu mbele ya ofisa wa mikopo wa benki, msichana wa Machakos aitwaye Eunice, mwenye sauti ya upole na kiyoyozi kizuri, na mara zote tatu alitoka ameridhika. "Bwana Matano, hayo mengine usijali," Eunice alimwambia. "Hii ni kama kodi tu, lakini unajilipa mwenyewe." Jaafar aliipenda sentensi hiyo hata akaipeleka Bodo na kuisambaza nyumba kwa nyumba. Ilikuwa ni kazi yake mwenyewe, bei ya kichwa kimoja bila chakula, naye hakuitambua kwa sababu safari hii kichwa kilikuwa chake.

Kazini, mwenzake Tsuma alikuwa akimpokea kila asubuhi kwa saluti.

"Mwenye nyumba! Mke ameshakubali?"

"Anafikiria."

"Yeye au bangili?"

Zikiwa zimebaki siku kumi na mbili, mambo yaliongezeka ugumu. Baba yake Nusra, Mzee Abdulwahab, alipeleka ujumbe kwamba nyumba ya riba hataingia, wala hatakunywa maji yake, na kwamba wajukuu watakuwa wakiletwa kwake Ijumaa wakamwamkie. Jaafar anamheshimu mkwewe. Pia anamhofu. Jumatano ya tarehe 24 aliomba ruhusa kazini, akamchukua Nusra, wakaenda kwenye benki nyingine ya pale pale Ukunda inayofuata taratibu za Kiislamu.

Waliketi mbele ya ofisa aitwaye Salimu, mtu wa makamo aliyevaa kofia ya kushona kwa mkono. Baada ya salamu ndefu, za wao, za watoto na za wazee wa pande zote mbili, Salimu alieleza kwamba benki yake haikopeshi pesa. Hununua nyumba, kisha humuuzia mteja kwa faida, na mteja hulipa kidogo kidogo.

"Lakini bei lazima itajwe yote, mara moja, pande zote mbili zisikie na ziridhie," akasema. "Biashara isiyo na bei si biashara."

"Hayo ndiyo maneno," akasema Nusra.

"Mngependa miaka mingapi?"

"Ishirini," akajibu Jaafar, kwa sababu ndiyo aliyoizoea.

Salimu alibonyeza kikokotoo, akaandika kwenye karatasi, akasafisha koo kama mtu anayetaka kuozesha. "Bismillahi. Nyumba hii benki itainunua kwa shilingi milioni sita, na itakuuzia wewe, Jaafar Matano, kwa shilingi milioni kumi na sita na laki mbili, ukitanguliza milioni moja na laki mbili."

Jaafar alisimama. Baadaye angesema alitaka tu kunyoosha mgongo, lakini Nusra, aliyekuwepo, anasema alisimama kama mtu aliyekalia siafu.

"Milioni kumi na sita! Sheikh, na kofia hiyo kichwani! Hamwogopi kuulizwa kesho? Mimi kuna benki hapo ng'ambo ya barabara, ya watu wasioswali, inanipa nyumba hiyo hiyo kwa elfu sitini na tatu tu kwa mwezi!"

"Kwetu ni elfu sitini na mbili na mia tano," akasema Salimu.

"Kwa mwezi?"

"Kwa mwezi. Kwa miaka ishirini."

Jaafar aliketi polepole. Nusra alimtazama mumewe kwa huruma ya mwalimu anayemwona mwanafunzi wake akikaribia jibu.

"Kwa hivyo huyu mwizi," akasema, "ni nafuu kuliko yule rafiki yako."

Walivuka barabara. Eunice aliwapokea kwa tabasamu, akamvutia Nusra kiti. Nusra alimshukuru, kisha akamwomba jambo moja: awachapishie malipo yote ya mkopo, tangu mwezi wa kwanza hadi wa mwisho, na jumla chini yake. Eunice hakusita. Mashine ilitoa karatasi baada ya karatasi, na jumla ikatokea kwenye ya mwisho. Ukiongeza kile cha kutanguliza, ilikuwa milioni kumi na sita, laki tatu na zaidi.

"Na hiyo ni bila bima na wakili," akasema Eunice. "Na riba ikipanda, nayo inapanda."

"Mbona hukuniambia?" Jaafar akauliza.

"Bwana Matano, hukuuliza. Uliuliza kwa mwezi ni ngapi. Watu wote wanauliza kwa mwezi ni ngapi."

Nusra alikuwa amerudi kwenye karatasi ya kwanza, na kidole chake kilikuwa kwenye mstari wa juu kabisa. "Hapa pameandikwa mwezi wa kwanza tunalipa elfu sitini na tatu na mia mbili na sita. Elfu sitini inakwenda kwenye riba. Kwenye nyumba inakwenda elfu tatu, mia mbili na sita. Hii ni sawa?"

"Iko sawa, mama. Mwanzoni inakuwa hivyo. Deni bado ni kubwa, kwa hivyo riba inakula mbele."

"Elfu tatu, mia mbili na sita ni kitu gani katika nyumba?"

"Kitasa," akasema Jaafar. "Kizuri."

"Na mwaka mzima?"

Eunice akajumlisha. "Elfu arobaini na moja."

"Mlango wa mbele," akasema Jaafar, ambaye sasa alikuwa amezama. "Na fremu yake."

"Alhamdulillahi," akasema Nusra. "Mwakani tutakuwa na mlango na kitasa, na kuta ni za benki. Watoto tutawalaza kizingitini." Akamgeukia Eunice. "Na wewe, mwanangu, umenunua nyumba gani?"

"Mimi? Mimi nimepanga. Kachumba kamoja pale nyuma ya stendi, elfu kumi na tano, na jirani wa juu anafuga mbwa."

Kwa kumtendea haki Eunice, alipoulizwa vizuri alijibu vizuri. Shida si benki, akawaambia, shida ni miaka. Akaibadilisha miaka ishirini kuwa kumi na kuigeuza kompyuta ili waone. Malipo ya mwezi yalipanda kwa elfu kumi na nne. Jumla ilishuka kwa karibu milioni sita.

Jaafar aliomba airudie hesabu, na Eunice akairudia. Elfu kumi na nne juu, milioni sita chini. Milioni sita ndiyo iliyokuwa bei ya nyumba yenyewe. Kwa ajili ya kupunguza elfu kumi na nne kila mwezi, Jaafar alikuwa tayari kuilipia nyumba ya pili, isiyo na mlango wala kitasa, ambayo hakuna mtu angelala ndani yake.

Alimpigia Salimu pale pale, akamwomba radhi kwa habari ya kofia, akamuuliza bei ya miaka kumi. Salimu alimtajia: elfu sabini na sita na mia tano kwa mwezi, na jumla yake akaitaja taratibu, kila tarakimu kwa nafasi yake. Bei hiyo haitapanda, akaongeza, hata riba za mjini zipande vipi.

"Sasa elfu kumi na nne tutaitoa wapi?" Jaafar akamuuliza mkewe. "Sitini na mbili nilishaipigia hesabu. Sabini na sita hapana."

"Kile chumba cha uani cha nyumba hiyo ulisema ni cha nini?"

"Kile? Kile ni cha wageni wangu. Cha kutazamia mpira." Alikwisha kupima ukuta wa televisheni.

Nusra alikuwa akimtazama Eunice. "Mbwa wa jirani yako hubweka sana?"

"Usiku kucha, mama."

"Sisi tuna chumba, na choo chake ndani, na mlango wake peke yake. Mbwa hatufugi."

Jaafar, ambaye biashara humwingia kama kiu, aliona pa kujitokeza. "Ni elfu kumi na nne tu kwa mwezi," akasema.

"Na maji?" akauliza Eunice. "Na stima? Na takataka? Nitajie yote pamoja, Bwana Matano."

Nusra alicheka hadi mlinzi wa mlangoni akachungulia. Waliafikiana elfu kumi na nne, maji na takataka ndani, stima kila mtu na mita yake, baada ya Eunice kusimama kwenye kumi na mbili kwa dakika kadhaa. Eunice alikuwa amepoteza mkopo na kupata chumba, na hakuonekana kujutia.

Nje, kwenye jua la barabarani, Nusra alisimama. "Haya," akasema. "Nimeuliza tangu tarehe sita. Nyumba ni bei gani?"

Jaafar alitazama upande wa stendi, akatazama upande wa kituo cha mafuta. "Milioni kumi," akasema.

"Na?"

"Laki tatu."

"Na?"

"Na elfu themanini. Nyumba namba saba ni shilingi milioni kumi, laki tatu na elfu themanini!" Aliisema kwa nguvu kupita alivyokusudia. Mwanamke mmoja aliyekuwa akiuza mahamri kando ya barabara alimwambia ni ghali, aende akapunguziwe.

Nusra alizivua bangili moja moja. Ya mwisho ilikataa kupita kwenye kifundo, ikabidi wanunue chupa ya maji na kipande cha sabuni dukani, na Jaafar akashika mkono na kuvuta huku watu wakimtazama kwa shaka.

Dhahabu itapimwa kwa sonara Jumatatu. Mkataba na benki ya Salimu utatiwa saini Alhamisi, tarehe 2 Oktoba 2025, saa tatu asubuhi, mbele ya mashahidi wawili, mmoja wao Mzee Abdulwahab. Eunice atahamia chumba cha uani mwezi wa Januari.