Maji ya shangazi mchangani

Leo nimeona mtu akipigiwa makofi kwa kumwaga maji. Hapa Lodwar, kwenye ukame huu!

Msanii mgeni alilala mchangani, jua la saa saba, ati anaonyesha mwili unaweza kuvumilia kiu hadi wapi. Watu wako kivulini, wanamrekodi na simu.

Shangazi yangu akapita na mtungi kichwani, maji ya kuchota kwa shimo huko kwenye mto uliokauka. Mambo ya sanaa hajui. Aliona mtu anakufa, basi akapiga magoti, akampa kikombe.

Jamaa akakipokea, akamwaga yote polepole, macho kwa kamera.

Makofi!

Shangazi akaokota kikombe chake. "Kama anataka kufa, sawa," akaniambia. "Lakini maji yangu yamemkosea nini?"

Nyinyi mliopiga makofi, mjibuni.