Mcheki, Dada na Saa ya Kinshasa

Mimi ni mwoga. Nasema mapema ili asije mtu akasoma hadi mwisho akingoja nifanye jambo la kishujaa. Miaka ile ya mwisho ya tisini Gisenyi nzima, mji wetu wa Rwanda uliopakana na Goma ya ng'ambo, iliogopa, ila wengine waliogopa na bado wakaenda kazini. Mimi nikisikia tu viatu vya askari nje ya ua wetu pale Mbugangari, tumbo linanikatika, nakimbilia chooni. Dada yangu alinicheka sana. "We, siku wakikuuliza jina, utawajibia humo humo chooni."

Dada alinizidi miaka mitano. Alifundisha darasa la pili huko Rugerero, na baada ya baba kufariki yeye ndiye aliyekuwa nguzo ya nyumba, yeye na mama. Sisi wasichana wawili tulifanana hadi inaudhi: paji lile lile, sauti ile ile, pengo lile lile kwenye meno ya mbele. Majirani walikuwa wakituita kwa kubahatisha.

Mcheki tulimpata kwenye mandazi. Kabla hatujarudi Rwanda tuliishi Goma, mama akikaanga mandazi, na karatasi za kufungia alizipata kwenye marundo ya magazeti ya zamani ya Kifaransa yaliyouzwa kwa kilo. Siku moja dada alifungua andazi lake akakuta picha ya msichana mwenye raketi. Mafuta yalikuwa yamemla mguu mmoja. Chini waliandika kwamba ni Mcheki, taifa fulani la wazungu, kwamba ndiyo kwanza anaanza kulipwa kwa kucheza tenisi, na kwamba kabla ya kuanzisha kila mpira hupangusa kiganja kwenye sketi, maana mikono yake hutoka jasho la woga. Dada alisoma hapo mara tatu.

"Sikia hii," akaniambia. "Huyu iko anaogopa, na anacheza."

Basi, akawa wetu. Hatukuwahi kushika raketi, sisi, lakini maisha ya Mcheki yule tuliyajua vipande vipande, kadiri mandazi yalivyotuletea, kwanza Goma, kisha Gisenyi, mama akiendelea kukaanga. Alipofanyiwa upasuaji wa goti tulijua akiwa keshapona. Aliporudi uwanjani akashindwa mechi ya kwanza, na ya pili, na ya tatu, katika miji ambayo dada aliitafuta kwenye ramani ya darasani, tulihuzunika mwaka mzima baadaye kama jambo la jana. Redio ya Kifaransa ilimtaja mara chache, tena haraka haraka, mwisho kabisa wa michezo, na dada alikuwa akitupigia kelele tunyamaze. Mama alisema tumerogwa na mzungu asiyejua hata kama tumezaliwa.

Halafu, Jumatano moja, redio ikasema Mcheki ameingia fainali. Si ya mashindano makubwa kabisa, lakini fainali, ya kwanza maishani mwake. Jumamosi, mchana. Mjomba wetu aliyebaki Goma alikuwa na televisheni na ile antena ya sahani, naye akatuma salamu kwamba ataionyesha.

Dada alikuwa ameshatayarisha viatu vya kwenda. Ijumaa jioni akarudi uso umemshuka: mkuu wa shule ameitisha mkutano wa walimu, Jumamosi, na hakuna kukosa.

"Bon," akasema. "Nenda we. Utakuja kuniambia."

Nende na nini? Kitambulisho sikuwa nacho. Kila nikienda ofisini kukiomba waliniambia rudi wiki ijayo. Na pale bariyeri kubwa, kizuizi cha mpaka, hupiti bila kadi hiyo. Unaiacha kwa askari, anaitia kwenye sanduku, anakupa jeto, yaani kipande cha plastiki chenye namba. Ukirudi unatoa jeto, unapewa kadi yako. Kabla ya saa kumi na mbili jioni, basi. Miaka ile waasi walikuwa wakiingia kutoka ng'ambo na watu wakiuawa mashambani, kwa hiyo kadi iliyolala bariyerini ilikuwa na maana moja tu: mwenyewe ameenda kuwafuata. Na jeto iliyopotea ilikuwa mbaya zaidi, maana yake kuna mtu mwingine ataingia nayo. Mtaani kwetu kulikuwa na kijana ambaye kadi yake ililala usiku mmoja. Walikuja kumchukua alfajiri, na hadi siku ile nyumba yake ilikuwa bado imefungwa.

Dada akatoa kadi yake mwenyewe, akaniwekea mkononi.

"Dada, hapana," nikasema. "Mi siwezi."

"Cheka tu, uonyeshe pengo. Hawaangalii zaidi." Akanifunga kitambaa chake kichwani, akanikaririsha mwaka wake wa kuzaliwa kama ananifundisha jedwali la kuzidisha. Kisha akanishika kidevu, na hapo hakuwa anatania. "Saa kumi na moja uwe umerudi. Si kumi na moja na nusu. Unasikia? Jina iko yangu. Mutu ataumia ni mi, si we."

Nilivuka. Askari aliangalia picha, akaniangalia, nami nikacheka na pengo langu lote. Akanipa jeto namba arobaini na moja. Niliitia ndani ya soksi, na njia nzima nilikuwa nikiinama kuishika kuona kama bado ipo.

Mjomba alikuwa mtu wa foni. Wasioijua, foni ni ile redio ya kuzungumzia mbali. Wafanyabiashara walikuja kwake kuongea na wenzao wa Kinshasa, kwa miadi, na kwa kuwa miadi ilifuata saa ya Kinshasa, saa kubwa ya ukutani sebuleni kwake ilisoma saa ya Kinshasa. Kule wako nyuma yetu kwa saa moja. Nyumba ile nimekulia, jambo hilo nililijua kama ninavyojua jina langu. Na bado mke wa mjomba, nilipoingia tu, aliinyooshea kidole.

"Usifuate hiyo saa, mwanangu. Iko ya foni."

"Najua, mama," nikamjibu, hata kwa kiburi kidogo.

Mechi ikaanza. Nilimwona Mcheki anatembea kwa mara ya kwanza! Miaka yote alikuwa amesimama kwenye karatasi, leo anatembea, anafunga kamba za viatu, anakunywa maji. Ametumia muda mrefu kufika pale, goti limefungwa bandeji. Mpinzani wake alikuwa na mwili mkubwa na alipiga mipira kama anampiga aliyemwibia. Seti ya kwanza Mcheki alipoteza. Seti ya pili akashinda kwa tabu, nami nikapiga kelele hadi kuku wa uani wakatawanyika. Kila mara, kabla ya kuanzisha, kiganja kwenye sketi. Niliona kwa macho yangu. Ningempelekea dada hilo.

Seti ya tatu. Nikatupa jicho ukutani: saa kumi na dakika tano. Nikajiambia, alaa, muda upo tele, hata nusu saa nyingine nakaa. Yooo! Nikikumbuka ile raha niliyokaa nayo kwenye kiti, nataka kujizaba makofi. Mpira wa miguu una dakika zake, mwamuzi anapuliza filimbi watu wanaenda nyumbani. Tenisi haina saa. Wanafika pointi ya mwisho, wanarudi nyuma, wanafika tena, wanarudi. Mcheki alikuwa na pointi moja ya kushinda, akaikosa. Akapangusa mkono. Nami nilikuwa nimesahau kwamba nina mguu, soksi, na namba arobaini na moja.

Mjomba akaingia kuwasha foni kwa ajili ya miadi yake. Ikakoroma. Akageuka akaniona, mdomo ukabaki wazi.

"We! We uko bado hapa? Huku ni saa kumi na mbili kasoro robo!"

Nikaangalia ukutani. Saa kumi na moja kasoro robo. Kinshasa.

Sikuaga. Nilikimbia barabara yote ile ya majivu ya volkano, kiatu kimoja kikanitoka, nikakiacha. Nilikuwa nikisema kwa sauti, Mungu wangu, Mungu wangu, watu wakinipisha. Nilipotokea ziwani nikaona mti wa bariyeri ya upande wa Goma unashuka. Ukalala. Nikaushika kwa mikono miwili, nahema.

"Kumefungwa, kesho," akasema afisa wa pale, baba mmoja mpole mwenye tumbo.

Ng'ambo, hatua kama hamsini, taa ilikuwa bado haijawashwa lakini niliona vizuri. Askari ameweka sanduku mezani, anatoa kadi zilizobaki, anaita majina. Zilikuwa tatu au nne. Na mbele ya watu waliokuja kungoja ndugu zao nikamwona dada. Alikuwa amekuja na mafaili ya mkutano bado kwapani.

Askari akaita jina lake.

Nilimwona dada akigeuza kichwa kuangalia upande wa Goma. Alinitafuta, akaniona. Tulitazamana. Kisha akanigeuzia mgongo kama mtu asiyenijua, akasogea mezani. Nilielewa anachofanya: anasema yeye ndiye mwenye kadi, amesharudi. Askari aliinua picha, akaangalia uso, akatikisa kichwa kukubali. Halafu akanyoosha mkono. Sikusikia neno, lakini nilijua anaomba jeto.

Jeto ilikuwa kwenye soksi yangu.

Dada akapangusa kiganja kwenye sketi. Taratibu, mara moja. Kisha akaanza kusema.

"Mama," yule afisa mpole akaniambia pembeni, "we uko wa kule? Kama uko na jeto, leta. Naweza waita wakufungulie."

Ningeitoa. Ningepiga kelele, "Iko hapa, ni mimi!" Wangeona nyuso mbili za kadi moja, lakini pengine wangecheka, pengine wangetuzaba makofi wote wawili na kutuacha twende zetu. Sijui. Nilifungua mdomo na kilichotoka ni hiki:

"Hapana, baba. Mi si wa kule."

Wakamwingiza dada kwenye chumba kidogo, mlango ukafungwa.

Watu niliowasimulia wananiambia ilikuwa akili, kwamba ningesema tungepotea wote. Labda. Lakini mimi ndiye niliyekuwa na lile tumbo siku ile, na najua ilikuwa nini.

Nilijificha kwa mjomba, na Jumatatu nilivuka bariyeri ndogo, ile ya wachuuzi, mchana, katikati ya wanawake wanaotoka sokoni, beseni tupu limenifunika macho, na hakuna aliyeniuliza kitu. Mama nilimkuta anafunga chakula cha kupeleka, ingawa hakujua kama kinamfikia. Nikamwambia naenda kujisalimisha. Mama alinishika mkono hadi kucha zikaingia.

"Mmoja ndani anatosha," akasema. "Watu waliokuwa pale walimsikia akisema alivuka mwenyewe na jeto ilimwanguka. Ukienda we, umemfanya mwongo. Kaa chini."

Nilikaa chini. Sikulala, sikula. Kila gari lililopunguza mwendo nililisikia kwenye mbavu. Padri na mkuu wa shule walienda kumsemea, na siku ya tano dada akarudi kwa miguu, mafaili yake kwapani. Hawakumpiga, alisema. Walimwuliza maswali yale yale asubuhi na jioni, naye akawapa majibu yale yale. Mama akamwogesha kama mtoto. Mimi nilisimama mlangoni, sijui niweke wapi mikono.

Alipomaliza chai akaniita.

"Alishinda?"

Sikumwelewa.

"Mcheki. Alishinda?"

"Sijui," nikasema. "Mjomba alinifukuza kabla. Dada, nilifuata ile saa ya foni. Nilijua, na nikaifuata."

Akazungusha kikombe mkononi. "Donc, kumbe siku zote hizi," akasema, "na we hata mwisho hukuona." Akaanza kucheka, akacheka hadi akashika ubavu, na katikati ya kicheko ikawa kilio, na mama akaja akamtoa kikombe mkononi. Jeto tuliitupa jikoni, kwenye mkaa. Ilinuka jioni nzima. Kuhusu pale kwenye mti wa bariyeri, nilivyoushika na kunyamaza, hakuniuliza, nami sikumwambia alichoniuliza yule afisa.

Jibu lilitufikia mwaka uliofuata, likiwa limefungia mandazi, kama kawaida. Dada alikuwa wa kwanza kuiona picha. Alisoma peke yake, midomo ikitembea, kisha akaikunjua vizuri juu ya paja na kunisogezea.

"Soma we. Kwa sauti."

"Si umeshasoma?"

"Mwisho ule ni wako. Soma."

Niliona maneno kabla sijaanza. Kwamba Mcheki alishindwa fainali ile. Kwamba goti limekataa na ameacha kucheza, sasa anafundisha watoto katika mji wake. Kwamba katika miaka yote hiyo, kwa woga wake wote, hakuwahi kuacha mechi katikati. Dada alikuwa amenikazia macho, na mimi hapo ndipo nilipojua kwamba siku ile bariyerini, kabla hawajamwingiza kwenye kile chumba, aligeuka mara moja, aliuona mdomo wangu ukifunguka, na aliuona ukijibu.

Karatasi ililowa pale nilipoishika. Nikaiweka chini, nikapangusa kiganja kwenye sketi, nikasoma.