Nilitumwa Sapiwi kutafuta video za ngoma, nikaombwa nitafute sauti ya marehemu

Wakuu, poleni na majukumu. Hiki kisa nimekiona kwa macho yangu, chumvi sijatia.

Kazi yangu ni kusaka footage za zamani. Watu wa filamu wakitaka picha za enzi ambazo simu hazikuwa na kamera, mimi ndiye nagonga milango ya watu.

Juzi kati production moja ya Dar ilitaka ngoma za Kisukuma za baada ya mavuno ya pamba. Pale Bariadi mjini nikaelekezwa Sapiwi, kwa mama Nyanzobe. Marehemu mumewe ndiye alikuwa mpiga video wa eneo lote, harusi, ngoma, hadi misiba.

Mama akanitolea mikanda ya VHS, kaifunga kwenye kitenge kama mtoto.

Ruhusa ya kuitumia akasema atatoa, ila kwanza nimtafutie sauti ya mzee. Nyanzobe, kitinda mimba wake, alikuwa bado tumboni baba yake alipofariki. Na send-off yake ilikuwa imekaribia.

"Asitoke hapa nyumbani hajamsikia baba yake," aliniambia.

Nikapeleka mikanda mjini kwa fundi mwenye deki, akaihamishia kwenye laptop. Sisi wa kazi hii mwanzo wa mkanda huwa tunakata, maana ni chenga tupu na kamera kutikisika. Client anataka ngoma ianze.

Nikarudi Sapiwi. Ngoma safi, vumbi linatimka, ila mzee hayupo. Nikamweleza mama kwamba mshika kamera huwa hajirekodi. Akanisikiliza kwa adabu mpaka nikamaliza, kisha akacheka.

"Mwanangu, mbona umeanzia katikati? Alikuwa lazima ajaribu maiki kwanza. Hedifoni nilikuwa navaa mimi."

Aisee. Kumbe ni kile kipande tulichotupa.

Nikadandia bodaboda hadi mjini, fundi akairudia mikanda yote bila kukata kitu. Kesho yake tukakaa sebuleni, mama, Nyanzobe na mimi.

Chenga. Viatu vya mtu, vimejaa vumbi. Halafu sauti nzito, ya taratibu, inamwamkia mama kwa Kisukuma: "Mwangaluka mayu. Unanisikia?"

Mama akajibu palepale, kikawaida kabisa. "Nakusikia."

Binti akaomba nirudishe. Nikarudisha, mama akajibu tena. Mimi nikasingizia napokea simu, nikatoka nje nikalia.

Siku ya send-off nilialikwa. MC alipofika kwenye nasaha za baba, akaomba utulivu, ukumbi mzima ukamsikia mzee akisalimia na kuuliza kama anasikika.

Safari hii aliyejibu ni Nyanzobe.

Funzo nililopata: siku hizi mwanzo wa mkanda sikati, hata client anune.

Wale wenye mikanda uvunguni, itoeni kabla panya na unyevu havijaimaliza. Tupia hapa chini, kwenu kuna sauti ya nani inasubiri kujibiwa?