Shikamoo Haina Marudio

Mdogo wangu anatengeneza filamu inayomhusu yeye mwenyewe, na kamera anaishika mwenyewe. Jumamosi alifika kwa mama, Bugene, akaitegesha kamera uani, akaingia na begi lake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba."

Alipoiangalia kamera, ilikuwa haijawaka.

"Mama, turudie."

"Turudie nini? Nimeshaitikia." Mama aliendelea kumenya ndizi. "Mtu huamkia akitoka mahali. Wewe umetoka wapi?"

Nikajitolea kuitikia mimi nyuma ya mlango, maana sauti yangu na ya mama zinafanana. Mdogo wangu akanitazama kama niliyemwambia akaibe.

"Dada, nikiigiza shikamoo ya mama, kipi kingine mtaniamini?"

"Basi nenda Kayanga," mama alisema. "Ukirudi nitaitikia."

Mama alidhani amemaliza maneno. Mdogo wangu akabeba begi, akapanda bodaboda. Nilicheka, na moyoni nikaomba betri imwishie. Miaka yote hii naandika habari za watu wengine. Yeye anajipiga picha akifika nyumbani, wanamwita msanii!

Aliporudi, mama alikuwa ameziacha ndizi, amesimama mlangoni.

"Shikamoo, mama."

Mama akamshika mikono yote miwili. "Marahaba, mwana wange. Marahaba. Umekuja?" Hakumwachia. Kamera ilikuwa inawaka, lakini mama aliipa mgongo.

Mtasema nina wivu. Ninao. Naishi nyumba ya pili kutoka kwa mama, na humwamkia kila asubuhi. Huniitikia huku akinipa ndoo nikachote maji.