Safari Niliyomnyang'anya Mama

Nilizaliwa na mke mdogo, nikalelewa na mke mkubwa. Kwetu Kakesio, Umaasaini, hilo si ajabu: mke asiyejaliwa mtoto hupewa mmoja na mwenzake, na mtoto akawa wake kabisa. Nimekua nikimwita huyo mke mkubwa yeyo, yaani mama, na mwingine siwezi kumwita hivyo.

Lakini nilipoandika tamthilia kwa ajili ya kikundi chetu cha kanisani hapa Karatu, nilimfanya mwizi. Nilijiona fundi: mke mkubwa anayempokonya mwenzake kichanga huliza watu haraka. Kisha nikafanya baya zaidi. Nilipougua malaria utotoni, yeyo alinibeba mgongoni kwa miguu kutwa nzima hadi zahanati, kandambili zikamkatikia njiani. Safari hiyo nikampa mama mzazi, pamoja na kandambili, kwa sababu ndiye niliyetaka apendwe. Wanasema kuzaa si kazi, kazi kulea. Mimi mjuaji nikageuza.

Sikudhani yeyo ataiona tamthilia ile. Alikuja kwangu kutibiwa macho, na Kiswahili chake ni cha kununulia sukari. Jirani yangu, mama mmoja wa Loliondo asiyejua kunyamaza, akampeleka ukumbini, wakaketi benchi la mbele, akimtafsiria kila neno. Niliwaona kutoka pembeni ya jukwaa. Ningeweza kusimamisha mchezo. Watu walikuwa wanalia, nami, Mungu anisamehe, nilifurahia kuona wanalia.

Nyumbani nilimpikia chai ya maziwa. Hakuigusa.

"Yeyo, ni hadithi tu," nikamwambia kwa Kimaasai.

"Kuniita mwizi, sawa," akasema. "Wako waliosema hivyo kabla hujajua kutembea. Lakini ile njia nilitembea mimi."

Nililia, nikaomba radhi, nikaahidi kuifuta sehemu ile. Alinisikiliza kwa adabu mpaka nikamaliza, akaenda kulala.

Asubuhi nikamsindikiza stendi. Kwetu mtoto humwinamishia mzazi kichwa naye akamgusa utosini, na kwa yeyo sikuwahi kuacha, hata baada ya kuzaa wangu. Nikainama mbele ya abiria wote, nikangoja. Nilipoinua macho nilikuta amenyoosha mkono, kama anavyowapa watu wa mjini.

Nikaupokea.

"Mama yako nitamsalimia," akasema, akapanda gari.