Mjane na Muuza Mkate

Hebu mtie machoni Toakase akija: mama wa makamo, mkeka wa heshima kaufunga kiunoni kama ada ya kwetu, nywele zinang'aa mafuta ya nazi, anatembea kama aliyebeba maji pomoni asitake kumwaga tone. Anakwenda kujiona.

Mwaka jana kijana Hemaloto, mzaliwa wa hapa kisiwani 'Eua aliyekulia ng'ambo, Auckland, alikuja na kamera moja kutengeneza filamu yake mwenyewe, bila kampuni wala mfadhili. Akawakuta akina mama wanagonga magome ya kutengenezea nguo, akamsikia Toakase anavyowavunja mbavu wenzake, akampa nafasi ya mjane anayetongozwa na muuza mkate. Nafasi yenyewe fupi, ukipiga chafya imekupita. Leo mchana filamu inaonyeshwa ukumbi wa kanisa, mara moja tu. Kesho Hemaloto anaondoka nayo.

"Shoga, mafuta hayo nzi akitua anateleza," jirani yake Lesieli alimwambia mlangoni pa ukumbi.

"Nzi hatui kwa mcheza sinema. Nipishe."

Akachungulia. Madirisha yamezibwa kwa nguo zile zile za magome walizogonga wenyewe, ukumbi ukaingia giza. Mbele kabisa, kwenye kiti cha mgeni, ameketi kaka yake Fineasi, kavuka bahari kutoka kisiwa cha Vava'u bila kumwambia mtu.

Toakase akarudi nyuma. Kwetu kaka na dada hawatazami picha chumba kimoja, sembuse picha ambayo dada mwenyewe anakonyezwa. Akazunguka hadi kwenye tangi la maji, akaketi mgongo ukutani. Roho ilimuuma, lakini akajisemea: aone yeye, aliyetoka mbali.

Haukupita muda, Lesieli akamjia anahema. "Unamngoja nani huku?"

"Kaka yumo ndani. Niache."

"Hayumo. Alikuona, akatokea mlango wa nyuma. Kaketi kwenye ngazi upande wa pili. Masikini, alidhani mliocheza mlishaiona zamani, kwa hiyo hungekuja. Anasema dada ndiye wa kuheshimiwa, uingie."

"Mwambie hakuvuka bahari kuja kutazama ngazi."

Lesieli akaenda, akarudi. "Anasema sura yako anaijua tangu mkiwa watoto. Wewe ndiye hujawahi kuiona ikichekesha watu."

Toakase akachezea ncha ya mkeka wake. "Mwambie... mwambie ni mkaidi kama marehemu baba."

"Jamani, mimi siyo posta. Muuza mkate keshatokea na kapu lake, mjane anafuata. Mmoja wenu aingie."

Toakase akainuka, akajikung'uta mchanga. Upande wa pili ngazi ya mbao ikalia: na Fineasi naye kasimama. Lesieli akabaki kwenye pembe ya ukumbi, anawaona wote wawili, wao hawaonani. Ndani kicheko kimeanza kupanda.

Nawe msomaji wangu, ungesimama pale pembeni badala ya Lesieli, ungemshika nani mkono ukamwingiza?